Mchekeshaji Aliyepewa Jina Jikoni

Harufu ya nta ya sakafu hunisimamisha wima mpaka leo. Nikipita mbele ya ofisi yoyote mjini Kasese asubuhi, mfagizi amepiga magoti anasugua saruji nyekundu, mimi mwanamke mwenye wajukuu kumi na mmoja navua viatu kabla sijaambiwa. Mjukuu wangu Mbambu huona aibu. "Jaja, vaa viatu, watu wanatuangalia." Waache waangalie. Harufu ile ni ya nyumba moja kule Kilembe, juu ya Kasese, walikokaa Wazungu wa mgodi wa shaba. Baba yangu alikuwa mpishi katika nyumba hiyo, na msimu mmoja wa mvua nilicheka humo kuliko nilivyowahi kucheka maishani. Kisha nikaharibu kila kitu kwa mdomo wangu mwenyewe.

Baba aliitwa Yusufu. Alikuwa Mwislamu wa Bwera, aliyejifunza kupika kwenye masufuria ya jeshi, na jikoni aliamrisha kama afande: kijiko kikianguka, kilijua kimekosea. Mwaka ule mama alikuwa amejifungua na nyumbani kulikuwa na vinywa vingi, basi nikapelekwa kwa baba nimsaidie kuchambua mchele na kumenya vitunguu. Nilipanda juu ya lori la mjomba lililotoka Katwe na magunia ya chumvi, na kila mkwaruzo wa miguuni ulinichoma mpaka Kilembe. Nilikuwa na miaka minane, au tisa, hakuna aliyeandika. Meno mawili ya mbele yalikuwa yameng'oka. Tulilala chumba cha nyuma ya jiko. Asubuhi king'ora cha mgodi kiliita watu, mvua ikapiga mabati, mkate ukanukia, na baba akanionyesha mlango wa ukumbi akasema mguu wangu ukikanyaga ile nta, nirudi Bwera kwa huo huo mguu.

Nyumba ile ilikuwa na mtoto mmoja, wa kiume, wa umri wangu, mwembamba, masikio makubwa mekundu kama yamepikwa. Kiswahili chake kilikuwa cha jikoni kwetu, maana mgodini walikutana watu wa kila upande na bila Kiswahili hakuna aliyemwelewa mwenzake. Alimwita baba yangu Yusufu, kavu hivyo hivyo, mtoto mdogo kumwita mtu mzima kama rika lake, na mwanzoni nilitamani kumpiga kofi. Lakini mtoto yule alikuwa na kipaji. Alasiri baba akipumzika, yeye alisimama katikati ya jiko na kuwa mtu mwingine. Alikuwa baba yake akionja supu: anafumba jicho moja, ananyanyua kidole, anakishusha, kana kwamba supu imemtukana mbele ya wageni. Alikuwa Mzee Kule, mtunza bustani, amelala wima juu ya mpini wa jembe. Siku moja akawa baba yangu, ananusa nyama, anageuka kwa kisigino kama yuko kwenye gwaride. Nilimwangalia baba kwa hofu. Baba alikuwa ameziba mdomo kwa taulo la vyombo, mabega yanatikisika.

"Huyu mutoto iko na shetani ya kuchekesha," Kule akasema.

"Afazali hiyo kuliko shetani ya kulala," baba akamjibu.

Baba hakupenda kumwita mtoto jina lisilomwambia kitu. Kwetu Wakonzo jina linasema umezaliwa wa ngapi. Mvulana wa kwanza ni Baluku, wa pili ni Bwambale. Msichana wa kwanza ni Masika, wa pili ni Biira. Mimi ni Biira. Masika wetu alikufa akiwa na wiki mbili, lakini nafasi yake haikuchukuliwa na mtu. Mama akihesabu watoto wake alianza na huyo. Nilikua nikijua amelala wapi, nyuma ya migomba, na tukitoka shamba tulimsalimu tukapita. Halikuwa jambo la siri wala la kulia. Basi baba akamuuliza yule mtoto, "Wewe iko mutoto ya ngapi kwa mama yako?"

"Ya kwanza. Iko mimi tu."

"Basi wewe iko Baluku."

Sijapata kuona mtu akifurahia jina namna ile. Aliliandika kwa mkaa kwenye tangi la maji. Alizunguka nyumba nzima akijitambulisha kwa viti. Jioni mama yake akamuuliza baba maana yake, baba akamweleza. Yule mama, tuliyemwita memsabu, akaweka kikombe chini taratibu, akaingia ndani.

Kesho yake alikuja jikoni akafunga mlango. Mimi nilikuwa chini ya meza na ungo wa mchele, hakuniona. "Yusufu," akasema kwa Kiswahili chake cha kuokoteza, "Baluku ilikuwa mwingine. Ilikaa siku nne tu. Bwana hapana taka sisi sema. Wewe usiite huyu hiyo jina tena." Baba akasema ndiyo, memsabu. Alipotoka, baba alifunika sufuria isiyokuwa na kitu. Kisha akainama. "Biira, hukusikia."

"Sikusikia, baba."

Tangu siku hiyo baba akafungwa ulimi. Kumwita Baluku ni kumnyang'anya marehemu nafasi yake. Kumwita Bwambale, mtoto atauliza wa kwanza yuko wapi. Akawa anamwita "wewe". Wewe, toka mlangoni. Wewe, kula. Mtoto aliyekuwa ameandika jina lake kwenye tangi aliona amefukuzwa. Aliacha kuigiza. Alikaa kwenye ngazi za jiko akitazama mvua, na mara mbili aliniuliza, "Yusufu amenichukia?" Nikaendelea kuchambua mchele, kwa sababu nilikuwa sijasikia kitu.

Siku ya tatu kijiba cha roho kilimpanda. Akasimama mbele ya Kule akaniigiza mimi. Alifanya pengo langu kwa kukunja mdomo, akasema maneno yangu yakitoka na upepo, akachambua mchele wa hewani akiwa amejikuna kisigino. Kule alicheka mpaka jembe likaanguka. Mimi niliyecheka kila mtu alipoigizwa, langu sikuliweza. "Wewe hata jina umeiba," nikamwambia. "Baluku iko ndugu yako, alikufa. Wewe iko Bwambale. Wa pili, kama mimi."

Nilitegemea anijibu kwa matusi. Badala yake masikio yake yalipoteza rangi, yakawa meupe kama unga. Hapo ndipo nilipoelewa nilichofanya. Ningewezaje kujua kabla? Kwetu hakuna mtoto asiyewajua ndugu zake waliotangulia. Nilidhani memsabu anaumia kulisikia jina, basi. Sikujua kuna nyumba duniani ambamo mtoto anaweza kuzaliwa, akazikwa, na mdogo wake akala mezani miaka tisa bila kuambiwa.

Alikimbilia ndani. Tukasikia kiti kikiburutwa, kisha kilio cha mwanamke. Bwana alirudi kabla ya king'ora cha jioni, akaja jikoni mwenyewe na viatu vya mgodini. "Yusufu, nani alisema?"

Baba aliniangalia. Nilikuwa nimeshika kitunguu. Akamgeukia bwana akasema, "Ni mimi. Maneno ya jikoni ni yangu."

"Ijumaa utaondoka."

Nyumba yetu ya Bwera ilikula kutoka jiko lile: mama na kitoto chake kichanga, bibi, sote. Baba hakunipiga. Afadhali angenipiga. Alitoa sanduku lake la mbao akapanga visu, mkeka wa kuswalia, kanzu, pole pole, na kila alichoweka humo nilikiona kinatoka mikononi mwangu. Nilimwambia nikaseme ukweli kwa bwana. "Ukisema wewe, tutafukuzwa wote wawili na aibu ni mbili," akanijibu. "Menya vitunguu."

Alhamisi, saa ya chai, yule mtoto aliingia jikoni bila kututazama, akachukua viti vyetu viwili vya miti, akavibeba mpaka barazani. Wazazi wake walikuwa wamekaa pale kila mmoja na kikombe chake, hawasemeshani. Baba alikuwa ameshika birika. Mimi nilichungulia nyuma ya mlango. Mtoto alivipanga viti vikitazamana, akakaa kwenye kimoja, akatanua kifua na kuweka miguu juu ya kile cha pili.

"Bwambale," akasema kwa sauti nzito, "funga kiatu chako."

Akaruka kwenye kiti cha pili, akawa mdogo. "Nimefunga. Na wewe nani wa kuniambia?"

Akaruka tena. "Mimi iko Baluku. Mimi nilikuja kwanza."

"Ulikuja, ukakaa siku nne tu."

"Siku nne ilitosha. Nilionja supu."

Alisema kila neno mara mbili, kwa Kiswahili akitazama mlango wetu, kwa Kiingereza akitazama wazazi. Memsabu alikuwa na kikombe hewani. Kicheko kilimtoka kama kitu kilichomkwama kooni kwa miaka, na machozi yakafuata njia ile ile, na hakujua afute kipi. Baba aliziba mdomo kwa taulo. Bwana aliangalia meza. Aliangalia meza mpaka nikadhani atainuka ampige mtoto. Kisha akasema kitu kifupi kwa Kiingereza, na baba akanitafsiria usiku kwa sauti ambayo sijaisahau. Bwana alisema: "Baluku, teremsha miguu kwenye kiti."

Ijumaa ilifika. Bwana aliomba mayai. Wazungu wa wakati ule hawakumwomba mpishi radhi, waliomba mayai. Baba akakaanga, na baada ya kifungua kinywa akavitoa visu sandukuni kimoja kimoja akavirudisha ukutani. Kisha akaita kwa sauti ya gwaride, "Bwambale, njoo kula." Na Bwambale akaja, anageuka kwa kisigino.

Mvua zilipokwisha nilirudi Bwera. Wao walirudi Uingereza baada ya miaka michache. Baba aliwapikia wengine mpaka alipochoka, naye sasa amelala karibu na Masika.

Juzi Mbambu, ambaye ana kibanda cha kuwawekea watu nyimbo na filamu kwenye simu hapa Bwera, alikuja mbio na simu yake. Alikuwa ameona mzee wa Kizungu jukwaani peke yake na viti viwili, anaruka huku na huku kwa magoti ya kizee, ukumbi mzima unalia kwa kucheka. Sikuhitaji kuambiwa. Masikio hayazeeki. Mbambu akanisomea habari zake: kwamba alishindwa shule, akaosha vyombo kwenye mahoteli, akaigiza kwenye vyumba vidogo juu ya baa mbele ya watu saba, akawaandikia wenzake vichekesho vya redioni wao wakachekewa, mpaka televisheni ikamtaka mwenyewe. Ameandika, ameigiza, amepewa zawadi, ana wajukuu. Na kila alipokwenda, viti viwili vilikwenda naye. Mtangazaji akamuuliza hao ndugu wawili wametoka wapi. Mbambu alinitafsiria akiwa ameshika mkono wangu. "Anasema, tulipokuwa Uganda mpishi wetu Yusufu alinipa jina, na binti yake akanipa ndugu. Anasema, aliniona niko peke yangu akanionea huruma."

"Jaja, ni wewe huyo," Mbambu akasema.

Haikuwa huruma. Ilikuwa hasira ya pengo. Miaka hamsini mtu yule amelibeba tusi langu kama zawadi, na amelitamka jina la baba yangu sawasawa mbele ya watu wa nchi nzima. Nashukuru. Sina neno lingine, nashukuru kwamba kibaya changu kiliangukia mikono mizuri.

Nyumba ile haipo. Mto ulifurika ukaibeba, na nilipokwenda na Mbambu kutazama, tulikuta kipande cha sakafu tu katikati ya majani, chekundu bado, kisicho na nta. Nilivua viatu. Siku hizi watu wa Bwera wanacheka kutwa, kila mmoja na simu yake na nyaya masikioni, anacheka peke yake barabarani kama aliyerukwa na akili. Sisi kicheko kimoja kilitutosha jiko zima, na tulikihitaji. Na mabinti wa leo mtoto akiwafia hawataki atajwe, anayefuata anaandikwa wa kwanza. Mimi nawauliza mlangoni kwao, je, yule aliyetangulia mmempeleka wapi? Wananiona mkorofi.

Mbambu alisema chini ya ile video watu wanaandika salamu, pengine mzee atasoma. "Niandike nini, Jaja?"

"Andika Biira wa Yusufu anakusalimu. Andika sikukuonea huruma, nilikuwa na hasira, unisamehe. Andika yale meno yaliota, na yameng'oka tena."

Akaandika huku anacheka. "Basi?"

"Bado. Andika amsalimie Baluku."