Watani wa Korona

Bosi wa korona, kiwanda cha mkonge pale Mnyuzi, ametoka Kenya na hutembea kama mtu aliyeacha maziwa motoni. Kila asubuhi huvuta kwa vidole viwili singa, nyuzi za mkonge zilizoanikwa, huzinusa, husema "sawa sawa" naye keshafika waya wa pili. Faudhia, msimamizi wa waanikaji, humfuata mbio mbio, kandambili zikimvuka. Anampenda, ila siku bosi alipowatenganisha waanikaji wake wawili, Mdoe na Yordani, hakujua acheke au alie. Mdoe, Mzigua, alikuwa amemwita Yordani, Mnyamwezi, mtumwa wa babu yake; Yordani akamjibu kuwa Wazigua huogopa jembe kuliko chui. Bosi akaja juu: "Hapa kwangu hakuna ukabila!" Yordani akahamishiwa kwenye mashine. Uwanja wa kuanikia ukapoa, kazi ikawa ya kujivuta, mpaka mvua ikazikuta singa nje.

"Bosi, wale ni watani," Faudhia akasema hatimaye. "Mama yake Mdoe alipofariki, Yordani ndiye aliyechimba kaburi, huku akimtania marehemu. Ndiye pekee aliyemchekesha Mdoe siku ile."

Bosi akasimama, akizungusha singa kidoleni, kwa mara ya kwanza bila haraka. Kesho yake, yeye mwenyewe akamrudisha Yordani uwanjani. Mdoe akamkazia bosi macho. "Na wewe mtumwa wetu wa ng'ambo ya mpaka, mbona umechelewa kumleta?"

Faudhia akaziba mdomo. Bosi akavuta singa, akainusa.

"Nilikuwa namtafuta wa kukuzika."