Jumamosi, Kornelia Hataki Mtu Ainamishe Kichwa

Saa moja asubuhi, sokoni Basotu, mafuta yanachemka na Kornelia Tadeo anageuza perege kwenye karai. Wateja wamepanga foleni, lakini hakuna anayepaza sauti. Anayetaka samaki mkubwa anatanua mikono. Akitanua kupita kiasi, Kornelia anacheka na kumwonyesha ziwa: kavue mwenyewe.

Kornelia ni kiziwi tangu utotoni. Lugha yake watu hawa wamejifunza hapa hapa kwenye karai.

"Ukileta kelele unakula mwisho," anasema kwa mikono, na binti yake Violeth anatufasiria.

Zamani nyumbani walimwita kwa kumrushia kokoto. Alipopelekwa shule ya viziwi, wenzake wakampa jina la ishara: kidole shavuni, penye kishimo chake cha kucheka.

"Siku hiyo ndiyo nilizaliwa," anasema.

Jumamosi hii Violeth anaagwa, anaolewa kijiji cha Balangdalalu. Mama ndiye humbariki binti mbele ya ukoo. Lakini kaka yake Kornelia, mzee Bonaventura, alishapanga shangazi mmoja aseme kwa niaba ya mama.

Kornelia alikataa. "Nimemlea kwa mikono hii. Baraka nikaazime mdomo?"

Wamebishana wiki nzima. Leo mzee amekuja tena.

"Dada, baraka inapokewa kwa kuinamisha kichwa. Ndivyo tulivyokuta."

"Ukiinama utanisikiaje?" mikono inajibu.

Violeth anaacha kufasiri, anasema lake.

"Mjomba, sikukosei adabu. Tangu nizaliwe, neno la mama nalipokea nikimtazama. Jumamosi ndiyo niangalie chini?"

"Mzee, amua, samaki wanaungua!" mtu anadakia kwenye foleni. Watu wanaangua kicheko.

Mzee anajikuna kidevu. "Sasa sisi tutaitikiaje?"

Kornelia anainua mikono yote miwili, anatikisa vidole hewani. Mzee naye anainua yake, migumu, kama anafukuza ndege kwenye mtama.

"Juu zaidi!" Kornelia anamwamuru. "Hiyo ni baraka ya kuku."

Mzee anainua tena, na safari hii foleni nzima inainua naye.

Kornelia anafuta macho kwa kanga, anasingizia moshi. Jumamosi hakaangi, anasema. Atapanda juu ya benchi, hata wa nyuma kabisa wamwone.

"Na anayetaka kuinama," anaongeza, kishimo kikitokea shavuni, "ainame Jumapili kanisani."