Mjomba Aliyefika Burma

Machi 1965 nilimpoteza mama. Alifia hospitalini Homa Bay, na sisi tulikuwa nyumbani, upande wa Kisegi. Mwenye lori la mahindi alikubali kumrudisha nyumbani tumzike. Alitushusha sokoni, alikokuwa na mahindi ya kupakua, akasema, "Nitakuwa kwenye lango la hospitali. Saa sita ikifika bila nyinyi, naondoka."

Aliyeniongoza ni mjomba, kaka yake mama. Alikuwa amefika Burma wakati wa vita, kisha Mombasa na Kampala, na hakuna harusi aliyohudhuria bila kutukumbusha. Ila alikuwa amemlilia dada yake siku mbili kwa nguvu zote, mpaka sauti ikamkauka. Mjini aliingia bubu kabisa. Ilikuwa safari ya kwanza naye bila habari za Burma.

Aliangalia jua, akanyoosha fimbo, akaenda. Mimi nyuma. Mtoto wa dada hamtangulii mjomba wake, na kumuuliza mpita njia mbele yake kungekuwa kumtukana. Homa Bay ya siku hizo ungeivuka kabla chai haijapoa. Sisi ilitushinda. Tuliingia ua wa mtu, mbwa akatutoa. Tukatokea ufuoni. Mjomba akayakagua maji yote, akageuka kijeshi, tukarudi tena kwa mwanamke mkaanga samaki tuliyekuwa tumempita mara mbili.

"Jadwong', mzee wangu, hii ni mara ya tatu," alisema. "Unanunua, ama umeletwa kunilinda?"

Mjomba alimpigia saluti, akapita.

Jua lilikuwa karibu utosini. Niliwaza mama akibaki hospitalini peke yake, nikarudi kwa yule mwanamke, nikamnong'oneza, "Hospitali ni wapi?"

"Si hiyo nyuma yako!" alipaza sauti. "Mmeipa mgongo tangu asubuhi!"

Mjomba alisikia. Alisimama kidogo, kisha akanyoosha fimbo huko huko, kana kwamba amri ilikuwa yake.

Mhudumu wa chumba cha maiti alimuuliza marehemu ni nani wake. Mjomba alifungua mdomo, hakikutoka kitu. Akaweka mkono kifuani, akainua vidole viwili, akanyonya hewa kama mtoto mchanga. Sikucheka.

"Mlinyonya kwa mama mmoja," mhudumu alisema polepole. "Pole, mzee."

Tulipomtoa mama nje, mwenye lori alikuwa ameshawasha injini. Alituona, akaizima, akashuka kutusaidia kumpandisha.