Kadi ya Bluu ya Mheshimiwa

Ipo siku moja, mwanangu, ambayo kila nikiikumbuka naiachia njiani, siimalizi. Ilikuwa Jumapili ya baridi, nami nilikuwa nimealikwa chakula cha mchana nyumbani kwa Mzee Okumu, kule Rinkeby, mtaa wa wahamiaji huku ughaibuni. Nakuandikia habari yake kwa sababu mama yako ameniambia kwamba sasa unaanza uzamili, na kwamba utafiti wako ni wa kuhoji watu. Mimi ni mdogo wa mama yako, si bibi kizee; lakini aliyetangulia kujikwaa ana ruhusa ya kuwaonya wanaokuja nyuma, hata kama nywele zake bado ni nyeusi.

Wakati huo nilikuwa namalizia uzamivu, chuoni Flemingsberg. Tasnifu yangu ilihusu maisha ya mbunge mmoja wa Ujerumani, wa chama cha kiliberali, aliyekuwa amestaafu zamani. Nilizoea kumwita Mheshimiwa, kama tunavyowaita wabunge kwetu. (Nilipomweleza maana yake alicheka, akasema hata waliompigia kura hawakuwahi kumwita hivyo.) Alikuwa mtoto wa mwoka mikate, akasomea sheria, akajiunga na vijana wa chama, akaingia bungeni kupitia orodha ya chama, na kwa miaka mingi akawa sauti ya haki za raia katika kamati ya sheria. Kisha serikali ambayo chama chake kilishiriki ikaleta muswada wa kuwapa polisi uwezo mkubwa zaidi wa kuchunguza mawasiliano ya watu. Mheshimiwa aliupinga vikaoni, redioni, hata kwenye ukumbi wa kanisa la mji wake. Siku ya kura akaupigia ndiyo. Katika uchaguzi uliofuata chama hakikufikisha asilimia tano ya kura, na kule chama kisichofika hapo hukosa viti. Basi yeye na wenzake wakarudi makwao. Alirudi kwenye uwakili, hakugombea tena.

Swali langu lilikuwa moja tu: kwa nini? Mara ya kwanza alinijibu kwamba aliogopa serikali ingeanguka. Juu ya jibu hilo nikaijenga tasnifu nzima. Wiki ile nilimpigia simu tena, kuhakiki tu, naye akaniambia kwamba mkewe alikuwa mgonjwa na kwamba alitaka siku ile iishe. Serikali hakuitaja. Nilipomkumbusha jibu lake la awali, akasema, "Hilo nalo ni kweli."

Nilikata simu. Kama ukweli ni jibu la pili, kazi yangu yote ilikuwa imesimama hewani. Kama ni la kwanza, mtu niliyemheshimu alikuwa amenidanganya. Na kama ni yote mawili, basi hapo akili yangu iligota. Msimamizi wangu alitaka dai moja lililo wazi. Pasipo dai hilo, alikwisha kunionya, nisingepangiwa utetezi wa tasnifu. Moyo wa mwenzako ni msitu wa giza, wahenga walisema. Mimi nilikuwa nimeahidi kuuchorea ramani.

Ndiyo hali niliyofika nayo kwa Mzee Okumu. Alikuwa Mkenya, mhandisi mstaafu, aliyekuja huku kusoma akabaki; na kwa kipindi fulani alikuwa mjumbe wa bodi ya mtaa kwa tiketi ya chama kimoja cha siasa. Nilidhani angeniunga mkono. Nilimsimulia yote, kisha nikasema nimeamua: nitaandika kwamba Mheshimiwa ni mwongo.

Mkewe, Mama Akinyi, aliniongezea mboga ya sukuma kwenye sahani. "Andika," akasema. "Na ukimaliza huyo Mjerumani, mwandike na huyu wangu. Si umwulize kwa nini alipiga kura ukumbi wetu ufungwe."

Habari ya ukumbi ule nilikuwa nimewahi kuisikia kwa minong'ono. Ndimo watu wetu walimofanyia harusi na matanga, na wapo ambao hawajamsamehe mzee hadi leo.

"Mama Akinyi, wacha mgeni ale."

"Mgeni anatafuta sababu, na wewe unazo kibao. Mimi uliniambia paa lilikuwa bovu. Pasta ukamwambia ni chama kilikuamuru. Kaka yangu naye ukamwambia hukuelewa vizuri, ati Kiswidi chao kilikuwa kigumu siku hiyo."

Mzee alicheka kidogo, kisha kicheko kikamwisha. "Zote ni kweli," akasema. "Na zote nilizipata baadaye. Nilizipata kwa sababu mliniuliza."

Nilimwambia kwa adabu kwamba hilo haliwezekani. Kwamba tendo huwa na sababu, na mtendaji huijua. Ndipo aliponikaripia, bila kuinua sauti.

"Binti, unamwuliza mtu kwa nini kana kwamba siku ile alikuwa amesimama kando anajitazama. Baba yangu alikuwa akisikiza kesi za watu kijijini. Mtu amekata mti wa jirani, baba hakumwuliza kwa nini. Ukimwuliza mtu kwa nini, atakutafutia sababu, na lazima aipate. Hakuna anayerudi mikono mitupu. Yeye aliuliza: siku hiyo uliamkaje? Kisha ananyamaza."

"Na ukweli alikuwa akiupata?"

"Wakati mwingine. Wakati mwingine alipata tu siku nzima ya mtu."

"Mti, je?" akauliza Mama Akinyi.

"Mti ulilipwa. Kukosa sababu hakukumwondolea mtu deni la mti."

Kesho yake nilimpigia Mheshimiwa, nikamwuliza siku ile aliamkaje. Akaanza kusimulia, polepole, kama mtu anayepapasa ukuta gizani. Katika bunge lao, kura ya majina hupigwa kwa kadi: bluu ni ndiyo, nyekundu ni hapana. Alitoka nyumbani na nyekundu mkononi, bluu mfukoni. Alipiga simu hospitali, akaambiwa mkewe amelala, asiamshwe. Kwenye lifti ya bunge mwenzake alimtolea mzaha, akacheka. Kicheko anakikumbuka, mzaha haukumbuki. Kwenye sanduku kulikuwa na msongamano.

"Nilipotoka pale," akasema, "nyekundu nilikuwa bado ninayo, bluu haipo. Tangu siku ile najieleza. Wewe ndiye uliyenisikiliza kwa muda mrefu kuliko wote, ndiyo maana una majibu mengi kuliko wote."

Sikumwita mwongo, mwanangu. Niliandika siku ile yote, na majibu yake yote, na kwamba kura ni yake hata akikosa sababu yake. Msimamizi hakuridhika, utetezi ulisogezwa mbele, nami niliupita kwa shida. Lakini usidhani kwamba nimetulia. Pengine hata siku ile aliyonisimulia ni sababu nyingine, iliyovishwa nguo za asubuhi na lifti. Nimelipima hilo mara nyingi, na kila mara mizani inakataa kutulia.

Basi nasaha yangu ni hii. Usimwulize mtu kwa nini kabla hujamwuliza ilikuwaje. Akikupa majibu mawili, yabebe yote mawili. Usiue moja ili lingine lipendeze kwenye karatasi. Mwamba ngoma huvutia kwake, na mtafiti ni mwamba ngoma kuliko wote. Tendo la mtu lipime kwa uzito wake, lakini moyo wake usiutie muhuri. Na ukifika mahali ambapo hujui, andika kwamba hujui, kwa sentensi iliyonyooka.

Mungu akupe masikio mapana kabla ya kalamu nyepesi. Akukutanishe na watu watakaokuaminia siku zao, nawe akujaalie uwarudishie bila kuzipunguza.