Viatu vya Golikipa

Viatu vya golikipa nilivichukua mimi. Nimelikana jambo hili kwa baba, kwa mama, na kwa kaka zangu wawili, waliokuwa wakiniuliza kila Idi kwa kunichokoza. Leo nakwambia wewe, mwanangu, kwa sababu umefika umri wa kutaniana na watu.

Siku yenyewe naikumbuka vizuri. Ilikuwa Alhamisi, katikati ya miaka ya hamsini, hapo Nachingwea, nami nina miaka kumi na miwili. Baba alikuwa mpishi katika chuo kidogo cha ualimu, chenye wanafunzi wasiozidi arobaini. Ukiwaondoa wagonjwa na wavivu, timu ya mpira ilibaki na watu kumi na watatu. Wote walicheza pekupeku isipokuwa golikipa. Mzungu mmoja wa mashamba ya karanga, alipokuwa anarudi kwao, alikiachia chuo jozi moja ya viatu vya mpira, na mguu pekee viliouenea ulikuwa wa golikipa huyo, Kosmas.

Kosmas alikuwa Mngoni wa Songea. Sisi ni Wamwera. Babu zake waliwapiga babu zetu, vita vikaisha, ukabaki utani. Kila alipopita jikoni alianza yeye.

“We Somoe, Mmwera wa watu! Babu yako alikimbia mpaka akasahau chungu motoni. Sisi tukala.”

“Mlikuja na ngao,” nilimjibu, “sasa umebaki na goli tu, nalo linavuja.”

Siku moja alinyanyua bakuli langu la karanga za kuchemsha, akazila zote mbele ya wanafunzi wenzake huku akinitazama, akanirudishia bakuli na shukrani. Watu walicheka, nami nikacheka. Mtani ana ruhusa hiyo. Anaweza kubeba kuku wako huku unamwona, nawe usikasirike.

Msimu ule timu ilikuwa moto. Iliwafunga vijana wa Mkotokuyana, ikawafunga mafundi wa matrekta waliokuwa wanakula nyama kila siku, ikatoka sare na watu wa reli. Ikabaki mechi ya Ruangwa, siku ya Jumamosi. Hata sare ingetupa kombe.

Alhamisi hiyo Kosmas alivianika viatu nyuma ya jiko. Nikavichukua, nikavifukia ndani ya gunia la mtama stoo. Mpango wangu ulikuwa mzuri sana, kama mipango yangu yote: Jumamosi asubuhi, lori likiwa limeshajaa wachezaji, nitoke na viatu kichwani, nikipiga vigelegele, Mngoni aniombe radhi mbele ya chuo kizima.

Nilisahau kwamba mkuu wa chuo hakuwa mtani wa mtu. Ijumaa asubuhi viatu vilipokosekana, alitupanga wote uwanjani, wanafunzi na watu wa jikoni. Alisema viatu ni mali ya chuo, na mwenye kukabidhiwa ndiye mwenye kujibu. Kuna mtu alinong’ona kwamba Kosmas amewauzia Ruangwa viatu, na mechi pamoja navyo.

Kosmas alicheka. “Bwana mkuu, hapa kuna mtani. Mtani, toka basi, umenishinda.”

Hakuna aliyetoka.

“Toka, mtani,” alisema tena, na safari hii hakucheka.

Nilikuwa nimesimama nyuma ya baba. Nilimwona mkuu ameshika fimbo, nikafikiria kazi ya baba, nikafikiria, kusema kweli, makalio yangu. Nikatazama chini. Kosmas aliondolewa kwenye timu saa ile ile, na Jumatatu akafukuzwa chuo. Ruangwa walitufunga manne kwa moja. Golini alisimama kijana aliyekuwa akiuogopa mpira. Viatu nilivitumbukiza chooni.

Nimesoma, mwanangu. Chuo kikuu niliandika insha ndefu juu ya utani wa makabila ya kusini, nikasifiwa kwamba nimeeleza kwa undani. Undani wenyewe sikuuandika.

Basi sikiliza. Taniana na watu, lakini onyesha uso wako. Mwenzako anapoanza kuumia, utani umekwisha, na hapo huna muda wa kungoja ujasiri: toka ukiwa unatetemeka, sema ni wewe. Fimbo ile ingeniuma siku mbili. Mungu akupe ulimi mwepesi wa kukiri, akuweke na watu wa kukucheka bila kukudharau.

Mwezi uliopita mwanafunzi wangu mmoja kutoka Songea alinipa namba ya simu ya karakana ya useremala anakofanya kazi Kosmas. Nilikaa nayo siku tisa. Ya kumi nikapiga.

“Kosmas? Ni Somoe, binti wa mpishi. Nachingwea.”

“Mmwera!” Sauti ilikuwa imezeeka. “Bado mnakimbia?”

Nikamwambia yote bila kupumzika, mpaka choo. Nyuma yake nilisikia msumeno ukifanya kazi.

“Ungeiba goli zima nisingekasirika,” alisema. “Ila uliniacha nimesimama pale. Sikuupata ualimu, Somoe. Baba yangu alikufa akijua mimi ni mwizi.”

“Nisamehe.”

“Mimi nitajua la kufanya na wewe. Lakini hapa kuna kijana wangu mkubwa. Wajomba zake bado wanamwambia kwamba baba yake aliuza mechi. Ngoja.”

Msumeno ukanyamaza. Nikasikia simu ikipokezwa, kisha sauti ya mtu mzima: “Haloo, nani mwenzangu?”

Nikamtajia jina langu, na la baba yangu. Kisha nikamwambia viatu niliviiba mimi.