Rafu za Dafroza wa Murangi

Dafroza Masatu alitunza maktaba ya kijiji cha Murangi kwa miaka kumi na mmoja, katika chumba kimoja chenye dirisha dogo. Mimi nilikuwa katibu wa tawi la Mara la chama chetu cha wafanyakazi wa maktaba. Tulikuwa wanachama tisa, waliotawanyika Musoma, Bunda na Butiama. Kutoka vijijini tulikuwa na yeye peke yake.

Mwaka 1985, ingawa hata sabuni ilikuwa adimu, tulifanya semina Bunda. Dafroza alifika juu ya lori la pamba, nywele zimejaa nyuzi nyeupe. Siku hiyo nilifundisha kupalilia rafu, yaani kuorodhesha na kuondoa vitabu vilivyochakaa ili vilivyo vizima vionekane.

"Katibu, kupalilia tunafanyaga kila msimu," alisema. "Ila mihogo yangu haijawahi kunidai orodha."

Alicheka hata Pastory wa Butiama, ambaye hakuwa mtu wa kucheka.

Dafroza alirudi akapalilia kwa uaminifu. Mvua na mchwa vilikuwa vimeharibu zaidi ya nusu ya vitabu vyake. Aliviorodhesha kimoja kimoja, akavifunga kwa kamba ya katani, akavirudisha mjini. Vikabaki mia moja na arobaini, safi, kila kimoja na namba yake.

Mwaka uliofuata hali ilizidi kuwa ngumu, ikatoka amri kwamba maktaba ya kijiji yenye vitabu pungufu ya mia mbili ifungwe. Afisa mmoja, Magige, akaja kuhesabu.

"Vingine umefungia dagaa, mama?"

"Nimeviondoa. Chama kilitufundisha."

"Chama? Mimi najua nchi hii ina chama kimoja tu."

Hata hivyo hakuwa mtu mkatili. Alimpa mwezi mmoja alete barua ya tawi kuthibitisha kwamba vitabu viliondolewa kitaalamu. Hapo maktaba ingesalimika.

Barua ya tawi ilihitaji kikao cha watu watano. Petroli haikupatikana, tukafika wanne.

"Andika tu, Katibu," Pastory alinisihi. "Nani atatuhesabu?"

Nilikataa. Mapadri walionilea walinifundisha kwamba utaratibu ni utaratibu. Nikaahirisha. Kikao cha pili tulikuwa watatu, na mwezi ukaisha.

Nilikwenda Murangi kwa baiskeli kumweleza mwenyewe. Nilimkuta akipanga vitabu kwenye makasha.

"Mara ya kwanza mlikuwa wangapi?" aliuliza.

"Wanne."

"Mbona hukuniita? Mimi si mwanachama?"

"Niliona si vizuri mtu kukaa kwenye kikao cha jambo lake."

"Katiba inakataza?"

Katiba ya chama chetu niliijua yote kwa moyo. Haikukataza.

Alinichotea maji, wala si kwa hasira, afadhali angekasirika. "Kunywa maji, Katibu. Umetoka mbali."

Nilipokuwa nikinywa, jirani yake Wegesa aliingia na kitabu cha malezi ya watoto wachanga. Dafroza alikipokea, akakikagua kurasa, akagonga mhuri wa tarehe kwenye kadi kama siku zote.

"Nipe na kile kingine, dada," Wegesa alisema. "Kile cha homa."

"Leo napokea tu," Dafroza akamjibu, akakilaza kitabu ndani ya kasha.