Ugonile na Mugonile

Bado namsikia bibi yangu ndani ya kinasa sauti: "Kalibu, lafiki." Mtafiti mgeni alirudisha nyuma hapo mara tatu, akicheka na dereva wake, huku bibi kakaa palepale na chai yake mkononi.

Mtafiti huyo alishaandika sarufi ya lugha inayokufa huko Himalaya. Sasa alikuja kijijini kwetu Kisiba kuandika ya Kinyakyusa, nami nikimtafsiria.

"Dada, mzee namsalimiaje?" akaniuliza.

Mzee huambiwa mugonile. "Ugonile," nikamjibu kwa tabasamu. Hiyo ni ya watoto.

Jumapili akampa mchungaji ugonile yake mbele ya wazee wa kanisa. Hakuna aliyeitikia, wala aliyemsahihisha. Bibi akaninong'oneza, "Huyu kalelewa na nani?"

Mtafiti alipokwenda kuoga, nilifungua daftari lake. Kaandika: ugonile, salamu ya heshima. Nikaipigia mstari kwa kalamu yake, isimpotee.